Ombi la Mchungaji Tapeli

Jumanne, Mowlem

Mara tisa. Dairekta amenirudisha mara tisa leo, eti mchungaji tapeli ninayemwigiza haaminiki, hata mtoto hawezi kudanganywa na ombi kama lile.

Kufika ploti ninapopanga, jirani yangu Mama Atieno ananingoja kwenye ngazi na binti yake. Binti ana intavyu ya kazi kesho, nimwombee.

"Mama, mimi naigiza tu."

"Najua, huwa nakuona kwa TV. Lakini mchungaji wetu wa kanisani hajui kuomba hivyo."

Sikuwa na ombi lingine. Nikatoa lile lile, neno kwa neno. Mama na binti wote wakalia.

Binti akikosa kazi, nitalaumiwa. Akiipata, Jumapili ploti nzima itakuwa mlangoni kwangu.

Na suti ya mchungaji nimeshaipiga pasi.