Ng'ombe wa Mahari Kwenye Filamu Yako

Masinya, Jumatano

Engole, mume wangu wa wiki sita,

Bado nikisema "mume wangu" nacheka peke yangu. Miaka minane ulikata na kuunganisha video za harusi za watu pale Busia, na leo unaongoza filamu yako mwenyewe huko Mella. Nimekusifu mpaka majirani wamechoka.

Lakini umeniudhi. Ulitaka ng'ombe wa kuigizia mahari, ukaja kumwazima yule yule uliyemletea baba yangu. Baba alikuwa shambani, mama akakupa kamba. Baba aliporudi akaniita nyumbani kwake.

"Taaka, ng'ombe wa mahari akirudi kwa mume, binti naye anarudi kwao. Kaa hapa."

"Baba, ni filamu tu."

"Kwani ng'ombe anajua ni filamu?"

Simu umeizima kwa sababu ya kurekodi, ndiyo maana namtuma mtu wa bodaboda na barua hii. Siku ya nne sasa nalala na wadogo zangu, shati lako chini ya kichwa. Mlete ng'ombe kesho, mpenzi. Na baba akishaipokea kamba, nakuomba usiseme, "Turudie," kama unavyowaambia waigizaji wako.

Mkeo bado,
Taaka