Maneno Niliyomfundisha Mjerumani

Wembley, London
Jumanne

Mpendwa Bi Mwanaidi,

Hujambo huko Tanga? Mguu umepoa? Mwanao Saumu akikusomea barua hii, mwambie asiruke mahali. Sisi wazima, ila baba anakohoa kwa baridi, na mama kila akikaanga mandazi anasema si kama yako.

Nina jambo linaninyima raha. Dukani kwa mjomba huja Mjerumani mmoja, Bwana Kurt, mwigizaji wa filamu na televisheni. Kwao alikuwa mchekeshaji, watu wakikata tiketi. Hapa, miaka yote hii, kila akiitwa kazini anavishwa kofia ya jeshi, anafoka, kisha anapigwa risasi. "Nasim," huniambia, "nimekufa mpaka nimechoka, na hawajanipa hata neno 'asante' la kusema."

Sasa amepata mchezo wa televisheni: afisa wa Kijerumani huko kwetu zamani, anamfokea mtumishi. Akaniomba maneno ya Kiswahili. Unajua nilivyo na haya, lakini hapo nilijiona mwalimu. Nikamwandikia: "We! Chai iko wapi? Huna masikio?" Nikamwonyesha hata kupiga meza.

Jumamosi akanipeleka kwenye mazoezi. Mtumishi ni dada wa Mombasa anayesomea unesi. Kurt alipofoka tu, dada akaangua kicheko. "Aka! Mjerumani gani huyu? Huyu kafundishwa na Wahindi! Ndivyo shangazi yangu alivyokuwa akiitwa jikoni kwao."

Nikainama kufunga kamba za viatu, na zilikuwa zimefungwa.

Ni kweli, Bi Mwanaidi. Ni maneno ya mama, na yangu pia. Siku ile una homa, mimi nina miaka tisa, nilikupigia meza hivyo hivyo.

Njiani Kurt akaniuliza, "Ulikuwa ukimwambia nani hivyo?" Nikasema, "Hakuna mtu." Hilo ndilo linaloniuma.

Alhamisi wanarekodi na anataka niende. Naogopa yule dada. Lakini nitakwenda, na nitawatajia jina lako wote wawili.

Msalimie mumeo, Mzee Bakari, na cherehani yake. Na Saumu. Yeye alimwamkia mama yangu kila asubuhi, nami sikukuamkia wewe hata siku moja, wala hakuna aliyeniambia nikuamkie.

Shikamoo, Bi Mwanaidi.

Ukiona inafaa, niitikie.

Ni mimi, Nasim, uliyenibeba mgongoni