Gerald, Themba na Ziwa la Dakika Kumi na Tano

Berea, Johannesburg

Baba,

Nimekukasirikia. Nakuambia mapema ili usianze kusoma ukidhani hii ni barua ya kukulilia. Kukulilia nilishakulilia mwaka mzima. Naandika kwa Kiswahili kwa sababu Shangazi Thandi anasoma kila karatasi yangu anayoikuta mezani, na hii haisomi hata akivaa miwani miwili.

Habari yenyewe ni kwamba tunaenda. Ile safari yako ya Uswisi, kwenye ule mji wa kando ya ziwa katikati ya milima ya theluji, ambao wewe uliuona kupitia dirisha la treni kwa dakika kumi na tano ulipotumwa kwenye mkutano wa vijana, halafu ukatusimulia maisha yako yote. Mama hakuutaja tangu mazishi. Jumapili moja tumetoka kanisani, anamenya viazi, akasema, "Likizo ya Juni tunakwenda kwenye ziwa la baba yako." Akaendelea kumenya.

Nikalitoa faili lako la kijani. Ramani, vijitabu vya hoteli, picha za watu wanaoruka kutoka mlimani wakining'inia kwenye miavuli mikubwa, wengine wamevaa kofia ngumu wanapiga kasia kwenye mto wenye mawe. Pembeni umeandika kwa kalamu nyekundu, "Rehema atapenda hii." Baba, mimi naogopa kunyoosha mkono darasani. Na wewe uliyeandika hivyo ulikuwa unapanda ngazi ghorofa saba kila siku ya Mungu kwa kuogopa lifti. Unafika mlangoni unahema, unasema, "Lifti ni sanduku, mimi siingii sanduku." Halafu unakaa mezani kupanga kuruka mlima.

Ukurasa wa mwisho kuna orodha yako. Soksi nzito, umeweka alama ya vema. Dawa ya kichefuchefu ya Mama, vema. Nani akae dirishani kwenye ndege: Rehema kwenda, Mama kurudi, wewe hapana, vema. Namba tisa, ya mwisho kabisa, neno moja: "Majina." Umelipigia mstari mara mbili. Alama hakuna.

Soksi, Baba. Ulimaliza soksi.

Mama pasipoti anayo, ya Tanzania. Mimi niliingia nchi hii nikiwa nimeandikwa ndani ya yake, nimemaliza darasa la tatu Morogoro, sijui Kiingereza hata cha kuombea maji. Sasa nina miaka kumi na sita na ninatakiwa kuwa na yangu, na ili niwe nayo lazima nioneshe kwamba baba yangu ni mtu wa hapa. Cheti changu cha kuzaliwa kinasema baba yangu ni Gerald Moloi. Kitambulisho chako na jiwe la kaburi lako vinasema Themba Ndaba. Shuleni mimi ni Rehema Ndaba kwa sababu ulimtabasamia mwalimu mkuu akakuamini.

Kwenye ofisi ya pasipoti, mama wa dirishani, miwani yake ina kamba, akaweka karatasi mbili pamoja. "Huyu Moloi ni nani?"

"Baba yangu."

"Na Ndaba?"

"Baba yangu."

"Una bahati wewe. Sisi wengine hata mmoja hatukumwona."

Foleni nzima ikacheka. Unajua nikichekwa nakuwaje. Nilishika meza, masikio yanawaka, na badala ya kueleza nikasema asante. Asante ya nini, sijui.

Ningeeleza nini, hata hivyo? Kwamba siku ulipovuka mpaka kwenda uhamishoni ulipewa jina jingine, kama wenzako wote. Kwamba ulifika Tanzania ukiwa Gerald, ukamwoa Mama ukiwa Gerald, nikazaliwa ukaniandikisha ukiwa Gerald, halafu nchi yako ilipofunguka ukarudi kwanza peke yako na kuchukua tena Themba, kama mtu aliyeacha koti kwa jirani. Na mimi uliniacha kwa Gerald. Kila nilipouliza ulisema, "Kesho nitakwenda kurekebisha." Nilikuwa na miaka tisa uliposema hivyo mara ya kwanza. Kesho yako imenikuta kidato cha nne.

Tukamchukua Baba Mdogo Solly, kwa kuwa mlikuwa naye kambini. Alivaa tai. Akamwambia yule mama kwa sauti ya mkutano wa hadhara kwamba anaapa Gerald na Themba ni mtu mmoja. Yule mama akaandika, akauliza, "Na wewe wakati huo uliitwa nani?" Solly akataja. Akaulizwa kitambulisho, akatoa, jina jingine kabisa, tena na la ukoo limebadilika. Kalamu ikawekwa chini. "Eish. Nyie watu mna majina mangapi?" Solly akajibu, "Inategemea nani anauliza." Huo ndio uliokuwa msaada wetu. Njiani, tumesimama kwenye taa za robot, alicheka mpaka akatokwa machozi, akasema ungeipenda hiyo. Mimi sikuipenda.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo sijamwambia Mama.

Mara ya tatu tulikwenda na Gogo. Mama yako, Baba, na miguu ile, alibadilisha teksi mbili kutoka Soweto. Tulikuwa tumemwambia tu kuna shida ya karatasi, aje aseme wewe ni mwanawe. Mama alikuwa kazini saluni. Gogo akakaa kwenye kiti cha plastiki nyuma yangu na mkoba wake magotini, nami nikapewa fomu mpya nijaze nikiwa nimesimama. Nikafika kwenye jina la baba. Nikafikiria Moloi, nikafikiria Ndaba, nikafikiria foleni ikicheka. Dada mmoja pale saluni aliwahi kuniambia nisijisumbue, wengi huandika tu hajulikani na mambo yanakwenda. Nikaandika hivyo. Baba: hajulikani. Kwa mwandiko wangu mzuri kabisa.

Gogo akauliza, "Umeandika nini hapo, mtoto wangu?" Macho yake hayasomi tena karatasi.

Nikasema, "Jina la Baba."

Akafurahi. Akanipapasa mgongo.

Yule mama alisoma. Akaniangalia, akamwangalia Gogo, aliyekuwa amebandika picha yako ya kanisani kwenye mkoba, ikitazama nje. Sikuwahi kuona mtu akichana karatasi taratibu namna ile. Akanipa fomu nyingine, akasema kwa sauti ya chini ambayo foleni haikusikia, "Nenda nyumbani utafute kitu alichoandika yeye mwenyewe, chenye majina yote mawili. Kakiapie polisi, na Gogo awepo. Nitakipokea."

Nilipomweleza Mama tulichoagizwa, hicho tu, akaenda kwenye begi la kanga zake. Alikuwa nayo muda wote. Barua uliyomwandikia ulipofika huku, kabla hujatuita. Nikamuuliza kwa nini hakuitoa tangu mwanzo tukaacha kuhangaika. Akasema, "Isome kwanza ndipo unikaripie."

Nikaisoma. Sikumkaripia.

Kisha nikaambiwa niisome tena, kituo cha polisi, kwa sauti. Konstebo alikuwa kijana, hajui Kiswahili, akasema niitafsiri kwa Kizulu ili Gogo asikie anachoapia. Mimi, Baba. Mimi ninayemtuma rafiki aninunulie mkate duka la spaza mtaani ili nisiongee na muuzaji. Nikasimama mbele ya kaunta nikamsomea polisi barua yako ya mapenzi, ya Kiswahili chako kile cha kambini:

"Mama Rehema, ukae chini kwanza. Mimi siyo Gerald Moloi. Gerald ni nguo nilipewa nikivuka mpaka. Mimi nilizaliwa Themba Ndaba. Lakini ule mtu anakoroma, ule mtu unamkataza kula kwa mkono wa kushoto, ule mtu alibeba mtoto siku ya kwanza akaogopa atamwangusha, ni mtu moja. Mimi nakupenda na majina yote mawili. Utakuja, na tutaenda kwenye ile ziwa tukiwa tatu. Majina ya mtoto nitarekebisha mwenyewe."

Konstebo alikuwa anaangalia daftari lake kwa bidii sana. Nikageuka kumtazama Gogo. Nilidhani ameudhika. Alikuwa anarudia jina polepole, "Gerald Moloi. Gerald Moloi."

Akasema walikuwa wanakuja nyumbani, polisi wa zamani zile, wanamwaga unga, wanapindua vitanda, wanamuuliza Gerald Moloi yuko wapi. Na yeye anawaapia kwamba hamjui. Wakampiga kofi, akawaapia tena. "Miaka yote nilijua walikosea nyumba," alisema. "Kumbe nyumba ilikuwa hii hii. Na mimi sikuwadanganya, jina hilo sikulijua."

Halafu akavuta kiti karibu na kaunta, akamwambia konstebo, "Andika, mwanangu. Gerald ni wangu." Akabonyeza kidole kwenye wino.

Kwa hiyo jina lililofanya watu wanicheke ndilo lililomwezesha Gogo kusema kweli. Ungeweza kuniambia, Baba. Siku moja tu, badala ya kesho. Ningekuelewa hata nikiwa na miaka tisa. Bado nimekukasirikia, lakini si kwa kiasi kile cha juu ya ukurasa.

Yule mama wa miwani aliipokea hati ya kiapo kama alivyosema. Pasipoti imetoka. Kwenye fomu ya viza, jina la baba, niliandika yote manne, yakavuka kisanduku, na sikumwomba mtu radhi. Namba tisa nimekuwekea alama ya vema, kwa ile kalamu yako nyekundu.

Mwavuli wa mlimani sikuahidi. Kibehewa kinachovutwa kwa kamba hadi mlimani nitapanda, ingawa nacho ni sanduku. Nitafumba macho kwa niaba yako. Ninachokuahidi ni hiki: tukishuka kwenye treni nitaangalia saa. Nitasimama mbele ya ziwa lako dakika kumi na sita, mimi na Mama, hakuna kuongea. Ile moja ya ziada ni ya Gogo. Nikirudi nitakwenda Soweto kumsimulia ilivyokuwa.

Kwaheri, Gerald. Kwaheri, Themba. Lala sasa, Baba, kilichobaki ni kufungasha soksi tu.

Mwanao,
Rehema