Chumvi Vikombe Sita

Mzenga, Kisarawe
9 Machi 1975

Kwa mwanangu Zubeda binti Abeid, Kibaha,

Nakuletea salamu zisizobebeka kwa mkono mmoja. Huku tu wazima. Kikohozi cha baba yako kimempa ruhusa, na mimi nina afya ya kugombana na watu wawili kwa siku. Wasiwasi wangu ni wewe. Unakula? Unalala kwenye chandarua? Jibu hayo kwanza, ndipo uje na mengine.

Ujue mwandiko huu ni wangu. Mwalimu Telesphory wa darasa letu la watu wazima ameupitia na kusahihisha maneno manne, na moja nadhani ameliharibu. Tuko wanawake kumi na tisa darasani, mimi nakaa mbele, kwa sababu wa nyuma wananihitaji nigeuke niwaeleze.

Habari kubwa ni kwamba banda la kuku limekwisha. Kijiji kizima kimelijenga kwa Jumamosi tatu. Lina makuti mapya na madirisha ya wavu uliotoka Kisarawe, na ni refu kuliko ofisi ya kijiji, mwenyekiti amelipima kwa hatua zake mwenyewe. Kila anayepita namwambia, "Hilo ni la Zubeda." Jirani yetu Bi Siwema, yule aliyehamishiwa ubavuni petu mwaka jana tulipokusanywa kijijini, akasema, "Banda bila kuku ni jiko bila moto, mwenzangu." Nikamjibu, "Subiri Juni, utaziba masikio kwa majogoo." Wasichana saba walimaliza darasa la saba hapa, kijiji kikatafuta mmoja wa kwenda kusomea ufugaji. Kikampata kwa nani? Kwangu.

Lakini katika barua yako ya mwisho uligusia somo linalokukwaza, kisha ukarukia habari za mvua. Mimi nimekuzaa, naona unaporuka. Somo gani hilo?

Mama yako,
Sikuzani binti Matano


Kibaha
23 Machi 1975

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Na baba mpe shikamoo yake. Ninakula, na chandarua kipo, kilikuwa na tundu moja nimelishona. Mimi mzima, alhamdulillahi.

Umenishika, mama. Somo lenyewe ni hesabu ya chakula cha kuku. Kuku nawajua, na hesabu naijua. Zinazonishinda ni karatasi za vipimo, maana zimeandikwa Kiingereza, na mwalimu wetu Mzungu anasema tutatahiniwa kwa karatasi hizo hizo.

Sisi tunasema mara mbili, mara tatu, mara nne, namba inafanya kazi yake na mambo yanakwisha. Kwao Waingereza kila mara imepewa jina lake. Mara moja ni once, mara mbili ni twice. Hata mara tatu ina neno, thrice, ila mwalimu anasema siku hizi limebaki vitabuni. Kiasi ukikiongeza mara mbili kinaitwa double, mara tatu treble au triple, mara nne quadruple. Mavuno yakiwa mara kumi ya mbegu ni tenfold, kama vile ni nguo iliyokunjwa mikunjo kumi. Halafu kumi na mbili ni dozen, ishirini ni score, na dazeni kumi na mbili ni gross. Justa, mwenzangu wa chumbani kutoka Bukoba, anayakariri kwa sauti ya nyimbo za kanisani kwao. Mimi yanagongana kichwani kama sufuria ndani ya gunia.

Mtihani ni Juni. Asiyefaulu hapewi vifaranga vya kupeleka kijijini kwake. Na wewe unaniambia banda limekwisha! Mama, nakuomba usiwaambie watu mengi.

Mwanao,
Zubeda


Mzenga, Kisarawe
6 Aprili 1975

Mwanangu Zubeda,

Marahaba, tena marahaba ya moyo. Sisi wazima. Mbuzi mdogo amekula daftari langu, ukurasa wa kutoa tu, wa kujumlisha ameuacha, nikaona ni dalili njema.

Unasema nisiwaambie watu mengi. Nimewaambia machache. Watu ndio wengi.

Barua yako nimeisoma twaisi. Mwalimu amenifundisha kulitamka. Sasa nisikilize, kwa sababu maneno hayo yanakutisha kwa kuvaa kofia tu, ukiyavua utakuta ni watu wa kwetu. Hiyo skoo ni korja! Marehemu bibi yako alikuwa akinunua kanga kwa korja katika duka la Mhindi pale Kisarawe, ishirini ishirini, akaja kuziuza huku doti moja moja, wala hakujua Kiingereza hata cha kufukuzia mbwa. Dazeni ni sahani za harusi, ulizipangusa mwenyewe siku ya dada yako. Grosi ni vifungo vya shati. Fundi Mwinyimadi ana boksi lenye neno hilo, nimekwenda kulitazama kwa macho yangu. Na tenifoldi ni mpunga wa bondeni, pishi moja kuingia, pishi kumi kutoka, mwaka wa mvua nzuri.

Dabo, trebo na kwadrupo nimekusukia. Fungua kifurushi, utaona ukili kama wa mkeka. Anzia penye fundo. Pale pembamba nimesuka kwa miyaa minne, hicho ndicho kipimo chenyewe. Mbele nimeongeza ikawa minane, nikatia nyekundu, hiyo ni dabo. Kisha kumi na miwili, ya zambarau, trebo. Kisha kumi na sita, nyeusi, kwadrupo, na hapo vidole viliniuma. Utundike juu ya kitanda chako. Neno likikukimbia, pitisha kidole. Kichwa husahau, mkono wa mtoto aliyelelewa kwenye miyaa hausahau.

Darasani nimewafundisha wote. Mwalimu Telesphory alikaa kwenye benchi, mimi nikashika chaki. Sasa Mzenga hakuna anayeongezewa uji, watu wanaomba dabo. Bi Siwema akajigamba kwamba mwanawe Kibwana amepewa trekta la ushirika aliendeshe. Nikampa hongera, nikamwambia, "Kumbe ana magurudumu kwadrupo." Hakulipenda.

Mama yako, dabo,
Sikuzani


Kibaha
18 Mei 1975

Mama mpendwa,

Shikamoo. Afya yangu njema sana, na natumaini baba na mbuzi pia.

Ukili umefika. Justa alicheka siku ya kwanza. Siku ya pili akaniomba apitishe kidole. Sasa wanakuja wasichana wa vyumba vingine, wanajipanga mstari kitandani kwangu. Jana mwalimu alituuliza maneno yote kwa zamu, nikajibu bila kukwama hata mahali pamoja, akasema nimekuwa wa kwanza darasani. Wa kwanza, mama! Siku hizi wananiita Mama Dabo, na wengine wanakuja kunitazama ninavyopima.

Mtihani wa maandishi ni tarehe kumi Juni, wa vitendo tarehe kumi na mbili. Sina hofu tena. Andaa banda.

Mwanao anayekupenda,
Zubeda


Mzenga, Kisarawe
15 Juni 1975

Kwa mwanangu, mtaalamu wa kuku,

Salamu, na pongezi juu yake. Huku afya zimeshiba.

Zimeshiba kweli, kwa sababu jana nimepika pilau. Ndiyo, najua matokeo bado. Lakini mtu aliyekuwa wa kwanza mwezi wa tano atakuwa wa ngapi mwezi wa sita? Baba yako alisema, "Mama Zubeda, ngoja barua." Nikamwambia barua zinatembea kwa basi, mimi nina miguu. Nimetangaza kwamba umefaulu. Wamekula watu korja tatu, na mwenyekiti alirudia sahani thraisi. Bi Siwema alikula huku akisema, "Tunakula cha harusi, bibi arusi hajaonekana." Lakini alikula.

Andika upesi uniambie siku ya kuja.

Mama yako, trebo,
Sikuzani


Kibaha
29 Juni 1975

Mama,

Shikamoo. Mimi mzima wa mwili.

Nimeanguka.

Maandishi nilipata yote. Vitendo ndivyo vilivyoniangusha. Tulipewa kipimo cha gunia moja, tukaambiwa tufanye treble. Nilijua neno, nilijua hesabu. Karibu yangu wote walikuwa wanapimia kwenye mizani na kuandika. Mimi sikuandika. Nilitaka kumaliza wa kwanza, kwa sababu walikuwa wananitazama. Nikatia pumba, nikatia mashudu, nikatia dagaa, nikatia chumvi vikombe vitatu kama inavyotakiwa. Nikainua kichwa nione kama wameniona. Nilipokiinamisha nikatia vikombe vitatu vingine.

Chumvi vikombe sita, mama. Dabo ya trebo. Mwalimu alionja kidogo kwa ulimi, akasema kundi zima lingekufa.

Nimeruhusiwa kurudia vitendo Agosti. Ikishindikana, vifaranga vyangu vinapewa kijiji kingine. Barua yako ya pilau ilinifikia siku ile ile matokeo yalipotoka. Nakuomba, usiwaambie. Sema matokeo yamechelewa. Sitaweza kupita mbele ya watu waliokula pilau langu.

Zubeda


Mzenga, Kisarawe
15 Julai 1975

Mwanangu mpenzi Zubeda,

Nakusalimu polepole leo. Hapa nyumbani wote wazima. Umeona nimekawia. Nilikuwa na kazi ya kufanya kwanza.

Nilijaribu kusema ulivyoniomba. Nilimwambia Bi Siwema kisimani, "Matokeo yamechelewa." Akanitazama, akatua ndoo, akasema, "Pole." Pole, Zubeda! Yule mwanamke hajawahi kunipa pole tangu ahamie. Nikarudi nyumbani nikashindwa hata kusuka.

Nikashika ukili wa mkeka wa baba yako, nikaona nimekosea mwaa mmoja, nyuma kabisa, karibu na mwanzo. Wewe unajua tunafanya nini. Hatuukati ukili, wala hatuendelei kusuka tukaficha. Tunafumua, mwaa kwa mwaa, mpaka pale tulipokosea, kisha tunasuka tena. Nikakaa nikafumua. Nilipofika kwenye kosa nikaliona vizuri, na halikuwa lako peke yako. Vile vikombe vitatu vya kwanza ulitia wewe. Vile vitatu vya pili nilivitia mimi, kutoka huku Mzenga.

Jumapili palikuwa na mkutano wa kijiji. Walipomaliza habari za pamba nikanyoosha mkono. Mwenyekiti akacheka, "Bi Sikuzani, leo tupe Kiingereza gani?"

Nikasema, "Wansi. Maana yake mara moja. Mwanangu ameanguka mtihani, mara moja. Nami niliwaambia amefaulu kabla sijajua."

Mzee mmoja nyuma akauliza, "Na pilau tulilokula?"

Nikamwambia, "Lile lilikuwa la maandishi. Kwenye maandishi amepata yote. La vitendo linakuja Agosti, akirudia."

Walicheka mpaka mwenyekiti akagonga meza. Nikangoja wanyamaze, nikawaeleza habari ya chumvi yote, na vikombe, na wanaotazama. Nikasema, "Aliinua kichwa aone kama anaonekana. Hiyo kaisoma kwangu, si Kibaha." Unajua nani aliinuka? Bi Siwema. Akasema, "Kibwana wangu alianguka mtihani wa leseni twaisi." Ndivyo alivyosema, twaisi, na sikumfundisha mimi! "Na leo ndiye anayewalimia. Banda liachwe hapo hapo." Watu wakapiga makofi. Banda liko hapo hapo, nimelifagia.

Sasa wewe. Nyamaza kulia. Kila kikombe ukikitia, kiandike. Usiinue kichwa. Anayekutazama mwache atazame, macho hayali chumvi. Mimi nakuonea fahari leo kuliko ile siku ya pilau, kwa sababu ungeweza kunidanganya na hukunidanganya.

Mama yako,
Sikuzani


Kibaha
22 Agosti 1975

Mama yangu,

Shikamoo, shikamoo, shikamoo.

Nimefaulu. Tulipewa quadruple. Nilikuwa wa mwisho kumaliza, kila kikombe nimekiandika kwa kalamu. Sikuinua kichwa mpaka mwalimu aliponigusa bega. Akasoma karatasi yangu, akaonja, akachota tena akawaonjesha wengine, akasema, "Hivi ndivyo."

Nimepewa makasha kumi, kila kasha score moja ya vifaranga. Korja kumi, mama! Jumanne tarehe mbili Septemba nitashuka Kisarawe na basi la mchana, kabla ya mwezi mtukufu. Kutoka hapo sijui nitavifikishaje Mzenga, jua lisiviue. Tafuta namna. Ila safari hii nakuomba kwa mara ya mwisho, usimwambie mtu mpaka vifike vyenyewe.

Ukili nimemwachia Justa. Bado ana mtihani.

Mwanao,
Zubeda


Mzenga, Kisarawe
1 Septemba 1975

Kwa Zubeda wangu, kwa mkono wa mleta barua,

Shikamoo zako zote nimezipokea, marahaba, na sisi wazima, isipokuwa mimi nilikaribia kupasuka.

Barua yako ilifika Alhamisi. Sikumwambia mtu. Darasani nilikaa mbele sikugeuka. Kisimani nilichota maji nikaondoka. Baba yako alinishika paji la uso. Mwalimu Telesphory aliniuliza kama nimefiwa. Siku nne, Zubeda! Nilichofanya ni kufagia banda na kutandaza maganda ya mpunga, na nikaosha vyombo vya maji nikavianika juani, na mtu yeyote anaweza kuosha vyombo.

Leo nimekwenda kwa Bi Siwema kumwomba Kibwana aende Kisarawe na trekta kesho, kuchukua mzigo. Sikusema mzigo gani. Naapa sikusema. Alikuwa anachambua mchele, mchele mwingi, sinia tatu. Hakuniangalia.

"Kibwana ameshafuta trela tangu jana," akasema. "Ametandika makuti, na turubai la kivuli tumeazima."

Nikamuuliza, "Nani amekuambia?"

"Wewe," akasema. "Umenyamaza siku nne. Kijiji kizima kimejua mtoto amefaulu. Kaa hapo unisaidie mchele huu, na chumvi nitatia mimi."

Basi aliyekukabidhi barua hii hapo stendi ni Kibwana mwenyewe. Panda naye, shika makasha vizuri, njooni polepole kwenye mashimo. Nitakuwa mlangoni pa banda. Sitasema neno, wote watakuwa wanakutazama wewe, na unayo ruhusa yangu ya kuinua kichwa.

Mama yako, mara moja tu, na inatosha,
Sikuzani binti Matano