Mhispania Aliyenizika Molenbeek

Bruxelles, mwezi wa kumi na moja

Yaya Godelive, dada yangu mkubwa,

Salamu kwako na kwa wote wa nyumbani. Mguu wa Maman unaendeleaje, na tension yake ya damu? Mvua imeanza Lubumbashi au bado mnakula vumbi? Mimi ni mzima. Rudia kusoma maneno hayo: ni mzima, ninakula, ninakohoa kidogo tu. Nasisitiza kwa sababu Tonton Médard, yule muuza vitambaa, amepanda ndege kuja huko na foto yangu nikiwa nimelala ndani ya jeneza. Maman asiione kabla hujamweleza. Tangu tumzike Papa, moyo wake hauna nafasi ya maiti mwingine.

Bon, nianze mwanzo.

Unajua ninafagia kwenye sinema moja karibu na Chaussée d'Ixelles. Mwezi uliopita walionyesha juma zima filamu za mzee mmoja Mhispania, Monsieur Anselmo, anayeziandika na kuziongoza mwenyewe. Jumatatu wajane wawili waligombea nyumba ya marehemu, nikacheka hadi nikaegemea ufagio. Kesho yake maiti wakatoka makaburini kunyonya damu. Halafu wapanda farasi wenye bastola, halafu masista wanaoimba. Ijumaa baba na mwanawe walikula chakula cha jioni bila kusemezana mpaka mwisho. Hiyo ndiyo iliyopata zawadi. Nilidhani ni ndugu watano wanaotumia jina moja.

Ukumbi ulikuwa karibu mtupu. Mzee alikaa nyuma, hajavua koti. Nikamwuliza imekuwaje mtu mmoja atunge filamu za aina zote hizo.

"Wakati wa utawala wa jenerali wetu, ukiandika la kweli walilifuta," akasema. "Nikaandika vichekesho. Watu walipochoka kucheka wakaniomba damu, kisha farasi. Mimi nilikuwa naomba kula."

"Na masista?"

"Masista ni kosa la mke wangu."

Magazeti yanamsifu kwamba anaweza kila kitu. Yeye anajiona fundi cherehani tu, mteja ndiye anayechagua nguo. Sasa alikuwa na filamu moja ya mwisho, ya Mwafrika anayefia huku, na alikosa maiti. Akanitazama sana.

Najua, Yaya. Kwetu mtu hajilazi kwenye jeneza mama yake akiwa hai. Lakini tangu nifike hapa hakuna aliyeniomba kitu isipokuwa nisogee apite. Nikakubali.

Siku ya kupiga filamu tulikuwa mbele ya kanisa moja mtaa wa Molenbeek, nami ndani ya jeneza, mvua inanyesha. Watu wa kwetu walikuwa wamekodiwa kulia. Maman Clotilde, mama mmoja anayekaa Evere, akagoma.

"Siwezi kulilia mutu sijue jina yake. Aniambie jina, na ya mama yake."

Nikamtajia, nimelala hivyo hivyo. Basi akalia, Yaya. Alimwita Maman wetu kwa jina, akamwambia mtoto wake amelala kwenye mvua ya watu, hata ndugu wa kumfumba macho hana. Machozi yakanitoka. Monsieur Anselmo akasimamisha kazi.

"Maiti hawalii," akasema. "Kingekuwa kichekesho ningeyaacha."

Tukarudia, nikalia tena. Mwishowe akaamuru wafunge kifuniko. Ya humo ndani sitakuandikia.

Kabla hawajafunga, Tonton Médard alikuwa amepita njia hiyo. Akaona watu wa kwetu wanalia, akaona uso wangu. Akavua kofia, akapiga foto ya kuipelekea familia, kama desturi yetu. Mimi nilikuwa nimefumba macho kwa bidii. Habari nilizipata Jumapili Matonge, mtaa wa watu wetu hapa, nilipoingia dukani kununua unga wa bukari na muuzaji akarudi nyuma.

"Weye? Si tulishakulilia?"

"Nani alisema nimekufa?"

"Tonton Médard. Ameshaenda na foto kwa mama yako."

Simu ya posta ya kwenu haiiti tena, donc barua hii naituma kwa mkono wa mwanafunzi anayepanda ndege kuja huko kesho.

Nisalimie shemeji yangu wa reli, shangazi mkunga, na mjomba katekista, asiniombee misa bado.

Na kama nimechelewa, mmeshafunga turubai la matanga uani, usisome mbele ya watu. Waache wamalize kula bukari yao, wametoka mbali. Mpeleke Maman chumbani, mshike mkono, umwambie. Akiuliza ni nani aliyenililia huku, mwambie ni Maman Clotilde wa Evere, na kwamba alilia vizuri.

Mdogo wako, aliye hai,
Jules