Lori la Mutua Halifutwi

Mbumbuni, Jumanne

Na bado fundi wa kompyuta anataka kupiga Windows upya. Nimemkatalia mara tatu leo.

Kompyuta yenyewe inawaka vizuri. Shida ni mchezo wa malori wa marehemu mume wangu, Mutua. Nikiufungua, skrini inakuwa nyeusi na kuandika kwamba haiwezi kuonyesha picha hiyo. Skrini yake kubwa tuliipeleka kanisani kuonyesha picha zake siku ya mazishi, ikaanguka ikapasuka. Hii ndogo niliinunua mjini Emali.

"Mama Ndanu, ni gemu tu," fundi alisema. "Nafuta yote, nakuwekea mpya."

"Hiyo mpya haina safari zake. Hebu nenda unywe chai kwanza."

Alipotoka nikawaza: mchezo bado unadhani una skrini kubwa. Nikafungua faili ya mipangilio, nikapunguza vipimo vya picha vilingane na hii ndogo.

Ukafunguka. Lori lilikuwa pale Mutua alipoliegesha, indiketa ya kushoto ikiwaka. Hata kwenye pikipiki yetu alikuwa akisahau kuizima indiketa, nami nikimgombeza.

Fundi akarudi na flashi yake ya Windows mkononi. Nikamkatalia mara ya nne, nikaanza kuliendesha lori. Indiketa sikuizima.