Sauti Nyuma ya Mlango wa Jukwaani

Dada yangu mpendwa,

Pokea salamu zangu za heshima, na umfikishie shemeji za kwake. Natumaini goti lako limetulia, na kwamba binti wa shemeji, yule aliyekataa katakata kukuita mama, bado anakuja kukusuka nywele siku za mapumziko. Mimi mwili ni mzima. Usingizi ndio umenigomea, na ndiyo sababu nakuandikia badala ya kukupigia simu. Kwa simu ungeniambia niache utani wangu kabla sijafika katikati.

Unajua kwamba nimepewa nafasi ya bibi arusi katika ile tamthilia ya nyumba ya kilimani. Kitabu chenyewe tulikisoma tukiwa wasichana, wewe ukilia, mimi nimejifunika shuka gubigubi. Tangu hapo kimechezwa kwa kila namna. Wako waliokiimba, wako waliokigeuza vichekesho, lakini pale mlangoni hakuna aliyethubutu kubadilisha neno. Bwana amejifungia katika chumba cha mke wake wa kwanza aliyekufa, na bibi arusi amesimama nje, hajui kama mumewe bado anapumua. Anasema: "Fungua. Ukiwa hai nitakupenda. Ukiwa mfu nitakuzoea." Na kutoka ndani anajibiwa: "Haujafungwa. Ni wewe unayeogopa kuusukuma." Watu wanakuja ukumbini kwa ajili ya maneno hayo tu, na yakifika wanayasema pamoja nasi kwa sauti ya chini, ukumbi mzima unavuma.

Anayecheza bwana tunamwita Bwana Arusi, kwa kuwa ameoa jukwaani tangu nywele zake zikiwa nyeusi. Bibi arusi wake wa miaka yote alikuwa mke wake wa kweli, mpaka maradhi yalipomchukua mwaka juzi. Gauni ninalovaa ni lake. Mama wa mavazi alilipunguza kiunoni, pini zimemjaa mdomoni, akanionya nisinenepe kwa kuwa nguo ile haina uvumilivu.

Wiki za mwanzo nilisikia sauti ya mwanamke ikinitangulia kidogo kwenye mstari ule. Nikadhani ni watazamaji. Kisha tukawa na mazoezi, viti vitupu, na nikaisikia tena, laini, ikitokea nyuma ya mlango. "Fungua," ilisema, kabla sijatia pumzi. Nilimuuliza mwongozaji kama ameisikia, akanijibu kwamba mwigizaji mwenye njaa husikia mengi, niende nikale.

Siku iliyofuata sikungoja. Nilipoisikia tu, niliufungua mlango. Bwana Arusi alikuwa amesimama gizani, paji la uso limegusa mbao, macho ameyafumba, na sauti ile ilikuwa inatoka kinywani mwake. Ilikuwa sauti ya mkewe, dada, ile niliyoizoea nikiwa mtazamaji, na mkato wake wote. Aliponiona alishtuka kuliko mimi. Hakujua kwamba alikuwa anasema chochote.

Mwongozaji alitaka kumtoa, amweke kijana mmoja mwenye sura ya kubandikwa kwenye mabango. Nikamwambia akimtoa yeye, gauni atalivaa mwenyewe. Maneno yakaishia hapo. Tangu siku hiyo nikawa nakunywa chai na Bwana Arusi kwenye ngazi za nyuma. Anachekesha, hutaamini. Anaigiza namna kila mmoja wetu anavyokohoa. Akimtaja mkewe, anamtaja kama mtu aliyetoka mara moja kwenda dukani.

Sasa nikueleze onyesho la mchana la Jumapili. Nilikuwa nimeamua moyoni kwamba siku hiyo nitanyamaza, nimwachie mstari aumalize kwa sauti ya mke wake, amuage. Sikumwambia mtu. Nilifika mlangoni nikafunga mdomo. Ghafla mlango ukafunguka, na Bwana Arusi akatoka, jambo ambalo halimo kabisa katika mchezo. Alisimama mbele yangu, midomo imebanwa. Baadaye aliniambia kwamba naye alikuwa ameazimia kunyamaza, kwa kuwa siku hiyo alitaka kuyasikia maneno yale kutoka kwangu.

Tukawa tunatazamana, mabubu wawili. Na mstari ukasemwa, kwa sauti ile ile ya mwanamke. Wote, tangu neno la kwanza hadi la mwisho, nyuma ya mgongo wake, ndani ya kile chumba ambacho ni mbao tatu na ndoo ya mchanga wa kuzimia moto. Nilimwona uso. Alisikia. Watazamaji wakapiga makofi kama mvua juu ya mabati.

Ngoja niache kuzungukazunguka. Asubuhi ya siku ile ile Bwana Arusi alikuwa ameniomba nimkubali, si jukwaani. Nami nilikuwa nimeitikia. Nampenda, dada. Najua umri wake, najua utakachosema kuhusu mvi zake, na nimeshajisemea mwenyewe kwa ukali zaidi.

Jana mchana, ukumbi ukiwa mtupu, niliingia kwenye kile chumba cha mbao nikasimama mahali anaposimama yeye. Nikasema, "Shikamoo, bi mkubwa." Sikujibiwa. Nikamwambia mimi ni nani na nimetoka kwa watu gani, kwamba nampenda mtu wake, na kwamba sitamdai amsahau. Kisha nikatoka, na mlango nikauacha wazi.

Wazazi wetu hawapo, na wewe ndiye wa kunisemea. Tena ndiye mtu pekee ninayemjua aliyeingia kwenye nyumba yenye mwenyewe, ukalala chini ya picha yake ukutani, ukawalea wanawe. Hujawahi kunisimulia siku ya kwanza. Njoo, dada, hata kama ni kunigombeza. Njoo unisimulie ile siku, kisha umtazame huyu bwana kwa macho yako, na lolote utakaloamua nitalisikiliza nimekaa chini.

Wasalimie wote hapo nyumbani, mkubwa kwa mdogo. Binti wa shemeji mpe salamu za peke yake.

Ni mimi mdogo wako akupendaye,
Kasuku